Fahamu: Kaburi lisilo na kichwa
Filamu ya hali halisi "The Empty Grave", iliyooneshwa Berlin mwaka 2024, imeongozwa na Mtanzania Cece Mlay na Mjerumani Agnes Lisa Wegner. Ndani yake, wakili John Mbano wa Songea anatafuta fuvu la mhenga wake, Nduna Songea Mbano, aliyenyongwa na Wajerumani mwaka 1906, wakati wa Vita vya Majimaji. Kichwa kinaaminika kilipelekwa Ujerumani. Ukoo utaombolezaje kaburi pungufu?

Swali hilo ni letu pia, sisi wa pwani ya Bagamoyo. Kutoka kijiji cha Mlingotini, penye kamba za kilimo cha mwani, si mbali kufika Bagamoyo mjini, ambako ufukweni pana mnara wa Waafrika walionyongwa na Wajerumani haohao. Kama kwenu yupo mzee anayejua jina la mmoja wao, mrekodi leo.