Milton, Mtunzi Aliyepofuka

Namheshimu John Milton kuliko washairi wote wa Uingereza. Alizaliwa London mwaka 1608, akapofuka kabisa mwaka 1652. Ufalme uliporejea mwaka 1660, alifungwa na vitabu vyake vikachomwa hadharani, kwa kuwa alitetea kuuawa kwa Mfalme Charles wa Kwanza. Hakunyamaza. Usiku alitunga kichwani, asubuhi akawatamkia waandishi mistari yake. Ndivyo ulivyozaliwa utenzi wa Paradise Lost, mistari zaidi ya 10,000 isiyo na vina. Sisi tuliolelewa na vina hushtuka, ila mizani ipo: silabi 10 kila mstari. Ulichapishwa mwaka 1667. Malipo ya awali, pauni 5 tu! Msomaji, anzia sehemu ya kwanza, Shetani anapoinuka kutoka ziwa la moto. Usiogope sentensi zake ndefu.