Wenye mashamba ya viungo wapatane na mawakala

UNGUJA haina milima mirefu, lakini mgeni akitoka Mji Mkongwe asubuhi anaweza kutembea kutwa katika vijiji vya viungo vya Kizimbani na Kidichi, penye hamamu ya enzi za Seyyid Said. Mtembezaji humbandulia gome la mdalasini, humpasulia kungumanga na kumwonesha mkarafuu.

Ada ya safari mara nyingi hulipwa mjini, kwa wakala. Mwenye shamba asiye na makubaliano naye hubaki kutegemea bakshishi na vifurushi anavyouza. Tena karafuu kavu kisheria hununuliwa na shirika la serikali, ZSTC, hivyo cha kumuuzia mgeni ni iliki, pilipili manga na mdalasini.

Dawa ni wakulima kuungana na kupatana kiwango kwa kila mgeni, kabla gari halijaondoka mjini.