Miswada ya Kale ya Kiswahili na Miaka Yake Makerere

Mwaka 1952 Kamati ya Kiswahili ya Afrika Mashariki ilihamisha makao yake kutoka Nairobi hadi Makerere, Kampala. Kamati hiyo ilikuwa imeundwa Dar es Salaam mwaka 1930 ili kusimamia usanifishaji wa lugha na kukagua vitabu vya shule. Ikiwa Makerere, ambako ilikaa hadi ilipohamia Mombasa mwaka 1962, ilishughulika pia na jambo ambalo leo linakumbukwa na wachache: kuzisoma, kuzihariri na kuzichapisha tungo na habari za kale ambazo Waswahili walikuwa wameziandika kwa mkono, kwa herufi za Kiarabu, nyingine kabla ya kuwapo kitabu chochote cha shule. Nchini Uganda, ambako watu wengi walikijua Kiswahili kama lugha ya askari na ya sokoni, habari hii inastahili kujulikana zaidi.

Hata hivyo herufi hizo hazikuwa ngeni kabisa katika nchi hiyo. Wafanyabiashara kutoka pwani walifika katika kasri la Kabaka Suuna wa Pili, mfalme wa Buganda, katikati ya karne ya 19, na mwanawe, Mutesa wa Kwanza, alijifunza Uislamu na kusoma Kiarabu. Mpelelezi Stanley alipofika Buganda mwaka 1875 aliwakuta Kabaka na wakuu wake wakiandika juu ya vibao vya mbao. Alipoondoka alimwacha Dallington Maftaa, kijana aliyesomeshwa na wamisionari wa Zanzibar, awe msomaji na mwandishi wa Kabaka. Kwa hiyo maandishi ya kwanza ya Biblia kusomwa Buganda yalipita katika Kiswahili, kabla Luganda haijapata vitabu vyake.

Mswada wa Kiswahili unapofunguliwa, jambo la kwanza linalomkabili msomaji ni herufi zenyewe. Alfabeti ya Kiarabu ina herufi 28, na hazitoshi. Hakuna p, hakuna v, hakuna ch, hakuna g kama ya gari. Waandishi wa zamani walizitwika herufi zilizopo mizigo miwili au mitatu: be ilisomwa b, p au mb, fe ilikuwa f au v, ghaini ilikuwa gh, g au ng. Irabu nazo ziliandikwa kwa alama tatu tu, fataha, kasra na dhuma, hivyo i na e zilishiriki alama moja, na u na o nyingine. Matokeo yake, fua na vua huandikwa sawasawa, na mbele haitofautiani na pele. Baadaye waandishi wa Lamu na Mombasa walichukua herufi za Kiajemi kwa p na ch, wakaongeza na alama zao, lakini kila mmoja alifuata njia yake.

Watu wengine waliokopa herufi za jirani walilikuta tatizo hilohilo, na mfano unaojulikana zaidi barani Afrika ni wa Wakopti wa Misri. Wakopti walichukua alfabeti ya Kigiriki, kisha wakaiongezea herufi sita au saba kutoka katika maandishi ya kale ya Kimisri kwa ajili ya sauti ambazo Kigiriki hakina. Kwa kuwa nyongeza hizo zilikubaliwa na wengi mapema, msomaji wa Kikopti huwa na uhakika wa sauti ambao msomaji wa Kiswahili cha kale hana. Wakopti walibahatika pia katika kuhifadhi. Vitabu 13 vilivyofukuliwa karibu na Nag Hammadi mwaka 1945 vilikuwa vimekaa ardhini, ndani ya mtungi, tangu karibu karne ya nne, vikaokolewa na ukavu wa Misri ya Juu. Viliandikwa kwenye karatasi ya mafunjo, mmea uleule unaojaa katika bwawa la Lubigi pembezoni mwa Kampala.

Pwani ya Afrika Mashariki haina ukavu huo. Joto la unyevunyevu, chumvi ya bahari, mchwa na panya huimaliza karatasi kwa muda mfupi, na mswada wowote uliozidi miaka 200 ni wa kuhesabiwa kuwa bahati. Kilichookoa tungo za Waswahili ni mazoea ya kunakili: kabla nakala moja haijaoza, mtu mwingine aliiandika upya. Karatasi zenyewe zilikuja na majahazi. Nyingi zilitengenezwa Italia kwa ajili ya masoko ya nchi za Kiislamu, na zikiinuliwa kwenye mwanga huonyesha alama ya maji ya miezi mitatu michanga. Alama hiyo humsaidia mchunguzi kukisia umri wa karatasi. Umri wa utungo ni jambo jingine kabisa.

Tofauti hiyo inaonekana wazi katika kazi ya Muhamadi Kijumwa wa Lamu, aliyefariki mwaka 1945. Kijumwa alikuwa mshairi, mchongaji na mwandishi mwenye mkono wa ajabu, na wataalamu wa Ulaya kama Alice Werner, William Hichens na Ernst Dammann walimtegemea awanakilie tungo za zamani. Nakala zake, nyingine zikiwa na mapambo ya rangi, ziko London na Ujerumani. Ni za karne ya 20, ilhali maneno yaliyomo yanaweza kuwa ya karne ya 18. Utenzi wa Tambuka, unaoitwa pia Chuo cha Herekali, hutajwa kuwa ulitungwa na Mwengo bin Athumani wa Pate mwaka 1141 wa Hijria, yaani 1728. Tarehe za namna hiyo hupatikana katika beti za mwisho au katika maneno ya mnakili, ambaye hutaja jina lake na kuomba dua kwa atakayesoma.

Katikati ya mashaka ya herufi, mchunguzi ana shahidi mmoja mwema, nao ni ushairi wenyewe. Ubeti wa utenzi una vipande vinne vya mizani 8 kila kimoja. Vitatu vya kwanza huungana kwa kina kimoja, na cha nne hubeba kina kinachorudi mwisho wa kila ubeti hadi utenzi uishe. Mizani ikipungua, mnakili ameruka silabi. Kina kikipotoka, huenda neno limesomwa vibaya, au mnakili wa Unguja amelibadilisha neno la Kiamu, lahaja ya Lamu, ambalo masikio yake hayakulizoea: ameandika njia mahali pa ndia, au nchi mahali pa nti. Kosa la namna hii hufundisha kuliko mstari usio na kosa, kwa sababu linaonyesha utungo ulipita mikononi mwa nani.

Ila ushairi hautatui kila kitu, na hapa ndipo uchunguzi wa miswada ya Kiswahili unapoachana na ule wa maandishi ya Nag Hammadi, ambayo hayana tena mtu anayeyajua kwa moyo. Mswada wa Kiswahili uliandikwa kwa ajili ya mtu ambaye tayari aliusikia utungo ukiimbwa. Herufi zilimkumbusha tu. Ndiyo maana maandishi yenye utata kiasi hicho yalitosha kwa karne nyingi bila kumsumbua mwenyewe. Mchunguzi anayeketi peke yake na karatasi, hata akiwa hodari wa Kiarabu, atakwama. Anahitaji mzee wa Lamu, Mombasa au Tanga amsomee kwa sauti. Mmisionari W. E. Taylor, aliyekusanya mashairi mengi ya Mombasa mwishoni mwa karne ya 19, alisomewa na kufafanuliwa na Mwalimu Sikujua bin Abdallah. Bila Sikujua, sehemu kubwa ya mashairi ya Muyaka bin Haji wa Mombasa isingetufikia. Haki inadai jina lake litajwe sambamba na la Taylor kila mara.

Walioendesha kazi hiyo Makerere waliyajua haya. Wilfred Whiteley alikuwa katibu wa Kamati, na J. W. T. Allen, aliyewahi kuwa mtawala wa kikoloni Tanganyika, alikuwa mhariri mwenye mapenzi makubwa na tenzi. Mwaka 1955 Kamati ilitoa, kama nyongeza ya jarida lake, Utenzi wa Vita vya Wadachi Kutamalaki Mrima wa Hemedi bin Abdallah al-Buhriy, mwanazuoni wa pwani ya Tanga. Mwaka wa Hijria ulio katika jina la toleo hilo ni 1307, ulioanza Agosti 1889. Ndani ya mwaka huo Bushiri bin Salim, kiongozi wa upinzani dhidi ya Wadachi, yaani Wajerumani, alinyongwa Pangani. Mwaka 1957 ikafuata, kutoka Kampala, Utenzi wa Vita vya Maji-Maji wa Abdul Karim bin Jamaliddini wa Lindi, ambao ulikuwa umekwisha kuchapishwa Ujerumani mwaka 1933. Kisha yakaja maisha ya Hamed bin Muhammed, yaani mfanyabiashara Tippu Tip, ambayo yeye mwenyewe aliyaandika kwa herufi za Kiarabu na Heinrich Brode akayahamishia katika za Kirumi. Tungo zilizokuwa ndani ya masanduku ya familia au majarida ya Berlin sasa zilimfikia mwalimu wa shule, kwa bei nafuu, na tafsiri pembeni.

Faida hiyo ilikuwa kubwa, lakini ilikuwa na gharama yake. Kamati iliundwa kueneza Kiswahili sanifu kilichojengwa juu ya Kiunguja, na herufi za Kirumi ilizotumia zililazimisha kuchagua: ama fua, ama vua. Msomaji wa toleo lililochapishwa haoni tena kwamba uchaguzi ulifanyika. Mahali ambapo mnakili aliacha milango miwili wazi, chapa imefunga mmoja. Allen alilielewa tatizo hili vizuri, na katika kitabu chake Tendi cha mwaka 1971, chenye utenzi wa Mwana Kupona wa mwaka 1858 miongoni mwa nyingine, alilinganisha nakala mbalimbali.

Mwaka 1964 Kamati iligeuka kuwa Taasisi ya Uchunguzi wa Kiswahili katika Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, leo Taasisi ya Taaluma za Kiswahili (TATAKI). Allen alizunguka pwani akikusanya miswada na kurekodi wasomaji, na orodha yake iliyochapishwa Leiden mwaka 1970 inataja miswada na kanda za sauti pamoja, jambo ambalo orodha za miswada za wakati huo hazikulizoea. Mkusanyo huo uko katika maktaba ya chuo hicho. Mkusanyo mwingine mkubwa uko SOAS, London, ambako karatasi za Taylor, Hichens na Werner zimewekwa, na ambako Sheikh Yahya Ali Omar wa Mombasa, aliyefariki mwaka 2008, alitumia miaka mingi akiwasomea na kuwasahihisha watafiti. Sehemu ya miswada ya SOAS imepigwa picha na kuwekwa kwenye intaneti. Mwanafunzi wa Makerere anaweza sasa kuufungua ukurasa wa mnakili wa Lamu kando ya maandishi yaliyochapishwa, akaona mwenyewe be imesomwa p wapi, na kwa nini.