Hatua za Mzee Sentore zingali zasikika Kigali

Wapo watu wanaoidhania ngoma ya Intore kuwa ni kurukaruka tu kwa vijana waliovaa nyuzi nyeupe vichwani na njuga miguuni, mradi wageni wafurahi na kupiga picha. Dhana hiyo haina haki. Neno intore katika Kinyarwanda maana yake ni wateule, na zamani wateule hao walikuwa vijana waliokusanywa katika ikulu ya mfalme na katika nyua za machifu, wakafunzwa silaha, adabu ya kusema, utunzi wa mashairi na uchezaji. Askari asomaye habari hii atayatambua mengi humo: mstari ulionyooka, jicho kwa kiongozi, na miguu ya watu wengi inayokanyaga ardhi kwa mshindo mmoja.

Mjini Kigali, anapotajwa mwalimu wa ngoma hiyo, aghalabu hutajwa marehemu Mzee Athanase Sentore. Mzee huyu, aliyefariki mwaka 2012, alikuwa mwimbaji, mwalimu wa ngoma na mpiga inanga. Inanga ni ubao mrefu uliochongwa mfano wa sinia na kutandikwa nyuzi. Hupigwa taratibu huku mpigaji akisimulia kwa sauti ya chini, na wasikilizaji hunyamaza ili wasipitwe na neno. Mtu aliyekulia kwenye inanga hawezi kufundisha mguu peke yake. Katika chuo cha Intore kila mchezaji ana icyivugo chake, yaani majigambo ya ushujaa anayoyatamka mbele ya wenzake. Asiyeweza kuyatamka kwa ufasaha bado ni mwanafunzi, hata akiruka juu kama swala.

Ngoma zenyewe aghalabu huwa saba au tisa. Ndogo yao, ishakwe, ndiyo inayoshika mwendo; igihumurizo, yenye sauti nzito, huujaza uwanja. Mchezaji hutupa kichwa ili umugara, zile nyuzi zilizo mfano wa manyoya ya shingo ya simba, uzunguke hewani, na papo hapo kiwiliwili chake hakina budi kutulia. Utulivu huo ndio unaochukua miaka kuupata.

Mwaka 1959 Mfalme Mutara III Rudahigwa alifariki, machafuko yakazuka, na Watutsi wengi wakakimbilia Burundi, Uganda, Kongo na Tanganyika. Mwaka 1961 ufalme ukafutwa, na ikulu ya Nyanza, iliyokuwa kitovu cha Intore, ikanyamaza. Sentore alikuwa miongoni mwa waliohamia Burundi. Na tufikirie hali ya mwalimu huyo: hana mfalme, hana uwanja, na watoto anaowafundisha wamezaliwa ugenini, wala hawajapata kuwaona inyambo, wale ng'ombe wa pembe ndefu wanaosifiwa katika mashairi. Ikulu ikawa ni sebule. Mwanawe Masamba, aliyezaliwa Bujumbura mwaka 1969, alijifunza kwa baba yake kuimba na kucheza ngoma ya nchi asiyoijua.

Vita vilipoanza Oktoba 1990, Masamba alijiunga na harakati za RPF, akawa mwimbaji wa kuwatia moyo wapiganaji. Sanaa iliyoanza kwa wapiganaji wa ikulu ilikuwa imerudi kwa wapiganaji.

Wengine hawakusalimika. Cyprien Rugamba, mshairi na mwalimu wa ngoma aliyeunda kikundi cha Amasimbi n'Amakombe, aliuawa nyumbani kwake Kigali pamoja na mkewe Daphrose na baadhi ya watoto wao tarehe 7 Aprili 1994, mwanzoni mwa mauaji ya kimbari dhidi ya Watutsi. Nyimbo zake zimebaki katika kanda. Lakini namna mwalimu anavyomshika mwanafunzi bega na kumwambia arudie, hiyo haikai katika kanda.

Ndiyo maana kazi ya Masamba mjini Kigali ina uzito. Amewalea vijana katika kikundi cha Gakondo, wakiwemo Teta Diana na Jules Sentore, mjukuu wa mzee, aliyelichukua jina la babu yake likawa lake jukwaani. Jules huchanganya gitaa na vyombo vya kisasa, na wapo wazee wanaonung'unika. Manung'uniko hayo yana sababu, ila kijana huyo huimba kwa Kinyarwanda safi, na hilo si dogo katika nchi ambayo tangu uamuzi wa mwaka 2008 shule zake zimeelekea kufundisha kwa Kiingereza.

Desemba 2024 UNESCO iliiandika Intore katika orodha ya urithi wa utamaduni wa binadamu. Heshima hiyo imestahili. Hata hivyo mahotelini na katika sherehe ngoma hufupishwa ili iingie katika dakika chache za ratiba, na kinachokatwa kwa wepesi ni majigambo, kwa kuwa wageni hawayaelewi. Mruko hubaki, neno huondoka. Mtoto anayejifunza kwa kutazama maonyesho hayo tu atarithi nusu ya ngoma.

Nusu ya pili hupatikana usiku, katika igitaramo, pale jamaa wanapokaa pamoja, inanga ikapigwa, na kijana akaambiwa asimame, aseme yeye ni nani.