Kalamu ya London, Moto wa Luapula

Tangu mwaka 2018, Mantapala katika Wilaya ya Nchelenge, karibu na Ziwa Mweru, pamekuwa makazi ya wakimbizi kutoka Kongo. Wamekimbilia penye amani. Lakini mwaka 1961 mkoa huo wa Luapula uliwaka moto, na chanzo kimojawapo kilikuwa uamuzi uliopitia mezani kwa Waziri wa Makoloni wa Uingereza, Iain Macleod.

Macleod alikuwa mwanajeshi kabla ya kuwa mwanasiasa. Alijeruhiwa mguu Ufaransa mwaka 1940, akaingia Bungeni mwaka 1950, na Oktoba 1959 akakabidhiwa makoloni. Machi ya mwaka huo, wafungwa 11 walikuwa wamepigwa hadi kufa katika kambi ya Hola, Kenya, na hali ya hatari ikatangazwa Nyasaland. Macleod alitambua kuwa bunduki yaweza kutawanya umati, lakini haiwezi kufuta dai la haki. Aprili 1960 Dk. Hastings Banda akafunguliwa. Machi 1961 Macleod alikuwa Dar es Salaam, akikubaliana na Mwalimu Nyerere juu ya uhuru wa Tanganyika.

Rhodesia ya Kaskazini ndiko alikotetereka. Februari 1961 alitangaza mpango wa katiba uliowapa Waafrika tumaini la kupata viti vingi. Sir Roy Welensky, Waziri Mkuu wa Shirikisho la Afrika ya Kati, akaupinga vikali na kuita askari wa akiba. Mwezi Juni mpango ukageuzwa kwa manufaa ya walowezi.

Wafuasi wa UNIP, chama cha Kenneth Kaunda, wakaona wamesalitiwa. Kukazuka kampeni ya Cha-cha-cha. Katika Luapula na Jimbo la Kaskazini barabara zilizibwa, madaraja yakavunjwa, shule zikachomwa na vitambulisho vikatiwa moto. Polisi na wanajeshi wakapelekwa. Watu wakauawa, wengi wakatiwa mbaroni.

Oktoba 1961 Macleod akahamishwa wizara. Mwaka 1962 katiba ikarekebishwa tena, uchaguzi ukafanyika, na tarehe 24 Oktoba 1964 Zambia ikawa huru. Macleod alifariki Julai 1970, mwezi mmoja tu baada ya kuwa Waziri wa Fedha.

Historia inamhesabu miongoni mwa walioharakisha uhuru wa Afrika, na ni haki yake. Lakini Luapula haina budi kukumbukwa pia. Askari aliyetumwa huko hakuiandika katiba ile, wala mwanakijiji aliyeziba barabara hakuulizwa juu yake. Hata hivyo hao wawili ndio waliokabiliana. Wapiganapo tembo, nyasi ndizo ziumiazo. Ulinzi wa amani huanza na ahadi isiyogeuzwa. Askari huitwa baadaye, wakati ahadi hiyo imekwisha kuvunjwa.