Jirani Akijenga: Pingamizi Lina Siku Zake

Iwe ni Kapsoya, Langas au Elgon View, mzozo wa ujenzi huanza karibu kwa namna moja. Lori linashusha mawe kwenye ploti ya jirani, vijana wanachimba msingi, na wiki chache baadaye mwenye nyumba ya kando anatambua kuwa kinachojengwa si nyumba ya familia bali ni gorofa ya kupangisha. Madirisha yatatazama ua wake. Maji ya mvua na maji taka hajui yatapita wapi. Anakimbilia kortini kutaka kazi isimamishwe, na huko anaulizwa: je, ulipeleka malalamiko kwenye kamati?

Eldoret ilipewa hadhi ya jiji tarehe 15 Agosti 2024. Nyumba zinapozidi kukaribiana, ni vyema kila mkazi ajue njia ambayo sheria imeweka, kwa sababu anayeikosa anaweza kupoteza kesi hata kama lalamiko lake ni la kweli.

Kabla ya kibali kutolewa

Sheria ya Mipango na Matumizi ya Ardhi ya mwaka 2019 inakataza ujenzi bila kibali cha waziri wa kaunti anayehusika na mipango. Anayeanza kujenga bila kibali anaweza kutozwa faini isiyozidi Sh500,000, kufungwa jela kwa muda usiozidi miezi miwili, au adhabu zote mbili.

Anayeomba kibali anatakiwa pia kuutangazia umma mradi wake, na tangazo hilo huwaalika watu kuwasilisha pingamizi. Huu ndio wakati ambapo neno la jirani lina uzito zaidi, maana nyumba ingali karatasini na ramani inaweza kurekebishwa bila kubomoa chochote.

Pingamizi liwe la maandishi, litaje nambari ya ploti na lieleze madhara yenyewe. Kusema "sitaki gorofa hapa" hakumpi afisa wa mipango la kuchunguza. Kusema "maji ya paa yataelekezwa kwenye ukuta wangu" kunampa. Mkazi abaki na nakala iliyopigwa muhuri wa kupokelewa.

Asingoje pia kwa kudhani kwamba kimya cha afisi ni kukataa. Sheria inasema mwombaji asiyepata jibu la maandishi ndani ya siku 60 huhesabiwa kuwa amepewa kibali.

Baada ya kibali kutolewa

Mwombaji au mtu mwingine anayeathiriwa na uamuzi ana siku 14 za kukata rufaa kwa Kamati ya Uhusiano ya kaunti, ambayo kazi yake ni kusikiza malalamiko kuhusu mipango na matumizi ya ardhi. Kamati nayo ina siku 14 za kusikiza na kuamua. Asiyeridhika huenda Mahakama ya Mazingira na Ardhi, ambayo ina kituo hapa Eldoret.

Siku hizo huhesabiwa kuanzia uamuzi ulipotolewa, si siku jirani alipoona mchanga ukishushwa. Mkazi anaweza kuomba stakabadhi chini ya Sheria ya Kupata Habari ya mwaka 2016, lakini sheria hiyo huipa afisi hadi siku 21 kujibu. Akisubiri jibu ndipo akate rufaa, muda utakuwa umempita. Ni heri afike afisini mwenyewe mapema.

Mazungumzo mbele ya mzee wa mtaa ni mema na huokoa ujirani, ila hayasimamishi siku hizo. Mkiafikiana, andikeni na mtie sahihi.

Funzo kutoka Kibos

Wakazi wa Kibos, Kisumu, walishtaki viwanda vilivyo jirani nao moja kwa moja katika Mahakama ya Mazingira na Ardhi, na wakashinda. Mahakama ya Rufaa ikabatilisha ushindi huo. Mwaka 2020 Mahakama ya Juu ilisema suala la leseni lilipaswa kuanzia kwa jopo lililowekwa na sheria, huku madai ya haki za kikatiba yakisubiri. Mwaka 2023 mahakama hiyo ilieleza katika kesi nyingine kwamba mlango wa korti haufungwi pale ambapo chombo cha chini hakiwezi kutoa nafuu ya kutosha. Kesi hizo hazikuhusu nyumba za makao, lakini funzo ni lilo hilo: anayeruka kamati lazima awe na sababu nzito.

Kibali si hati ya mpaka

Aliyepewa kibali cha gorofa mbili akijenga nne, jirani aripoti kwa afisi ya mipango. Kaunti inaweza kutoa ilani ya kumtaka arekebishe, naye ana siku 14 za kuipinga mbele ya kamati.

Lakini kama mzozo ni kwamba ukuta umeingia kwenye ploti ya mwingine, kibali hakiumalizi. Chini ya Sheria ya Usajili wa Ardhi ya mwaka 2012, mpaka wa ardhi iliyosajiliwa huamuliwa kwanza na msajili wa ardhi, na korti haiwezi kusikiza kesi ya mpaka kabla ya hapo.

Kwa anayejenga, kumwonyesha jirani ramani kabla ya kuchimba msingi hakugharimu kitu. Kusimamisha kazi nguzo zikiwa tayari juu ni hasara ya simiti, mishahara na mkopo.