Kamera ilifika Usambara zamani. Habari za wazee wetu zitahifadhiwa na nani?



Ndugu wasomaji, hivi karibuni hapa Lushoto tulimzika mzee aliyewasomesha watoto wa mtaa wetu Qur-aan kwa zaidi ya miaka 40. Yeye ndiye aliyejua, kwa majina na kwa koo, ni nani waliopanda milima hii kutoka Mombo wakafungua chuo cha kwanza mtaani petu. Kijana mmoja wa jamaa zetu alikuwa ameiomba kamati ya msikiti imsaidie kumpiga mzee huyo picha za filamu akisimulia. Mimi ndiye katibu, na ni mkono wangu ulioandika katika kumbukumbu za vikao, mara tatu, kwamba ajenda hiyo imeahirishwa. Tulidhani kamera ni kazi ya harusini. Leo mzee hayupo, na aliyoyajua kaenda nayo.

Kwa hiyo nimeona ni wajibu wangu kuwakumbusha wazazi mambo mawili ya historia.

La kwanza lilitokea katika milima yetu wenyewe. Mwaka 1935 Waingereza wawili, L. A. Notcutt na G. C. Latham, waliweka makao ya kutengeneza filamu huko Vugiri, juu ya Korogwe, kwa fedha zilizotoka Marekani katika mfuko wa Carnegie. Notcutt, aliyekuwa na uzoefu wa kusimamia mashamba ya mkonge, alikuwa na imani kwamba sinema ingesaidia kuwatuliza vibarua. Hadi mwaka 1937 zilikuwa zimetengenezwa filamu zipatazo 35, kuhusu kilimo, maradhi, akiba ya posta, na hata hadithi za kuburudisha. Maneno yalitiwa katika sahani za santuri kwa Kiswahili na lugha nyingine za Kiafrika, kisha filamu zikachukuliwa kwa lori na kuonyeshwa Tanganyika, Kenya, Uganda na hata Nyasaland, ambayo sasa ni Malawi.

Tusiwanyime haki yao: mafunzo kuhusu safura na mmomonyoko wa udongo yana manufaa. Lakini wenyeji walisimama mbele ya kamera wakaigiza, na aliyeamua kisemwe nini alikuwa nyuma yake. Miongoni mwa filamu chache zilizosalia ipo ya wakulima wa Kingolwira, karibu na Morogoro. Mjukuu wa mkulima yule akiitazama leo atamwona babu yake akilima, ila hatasikia babu mwenyewe alikuwa na rai gani.

La pili ni maisha ya Mohamed Amin, Mwislamu aliyezaliwa Nairobi mwaka 1943 na kukulia Tanganyika. Alianza kupiga picha angali mtoto, kwa kamera kuukuu, na mwaka 1963 akaanzisha kampuni yake ya Camerapix jijini Dar es Salaam. Huyu hakuhitaji mkalimani ili awaelewe watu wa Afrika Mashariki, kwa kuwa alikuwa mmoja wao. Alipiga picha za mahujaji na mwaka 1978 kikatoka kitabu chake kuhusu Hija. Aliwafuata watu wa Ziwa Turkana, na Wamasai pia, akatoa vitabu kuhusu maisha yao.

Oktoba 1984 kamera yake iliuonyesha ulimwengu njaa ya Ethiopia, akiwa pamoja na mwandishi Michael Buerk wa BBC. Picha zile ziliwaamsha watu wa mataifa mengi, wakatoa michango mikubwa. Mwaka 1991 alipoteza mkono wa kushoto katika mlipuko wa ghala la silaha mjini Addis Ababa, ambamo mwenzake John Mathai alifariki. Wengi wangeacha kazi. Yeye alirejea akiwa na mkono wa bandia. Alifariki tarehe 23 Novemba 1996, ndege ya Ethiopia iliyotekwa nyara ilipoanguka baharini karibu na Ngazija. Mwenyezi Mungu amrehemu.

Wazazi wenzangu, kijana anayetamani kazi hii tusimvunje moyo. Tumfunze adabu zake: aombe idhini kabla ya kupiga picha, asimdhalilishe mtu kwa ajili ya kusifiwa, asiongeze wala asipunguze katika maneno aliyopewa. Hayo ni masharti ya amana, nayo humpasa mwenye kamera kama yanavyompasa mwenye kalamu.

Na tusingoje mitambo mikubwa. Simu ya mkononi yatosha. Baada ya Alasiri mketishe bibi penye mwanga na utulivu, mwache aseme kwa Kisambaa chake, mwulize majina ya waliotangulia na mahali walipozikwa. Andika tarehe, kisha weka nakala katika sehemu mbili.

Kamati yetu imekaa tena. Kijana yule amepewa nauli ya kuwafuata wazee watatu waliobaki, na ataanza na aliye mkubwa kwa umri. Safari hii kumbukumbu za kikao hazina neno "imeahirishwa".

Wabillahi tawfiq.